Rejesho la mwezi halisemi gharama ya mkopo wa nyumba

Mtu anapokwenda kuomba mkopo wa nyumba, swali la kwanza analouliza, na mara nyingi ndilo la mwisho, ni kiasi atakachokatwa kila mwezi. Ni swali la haki, kwa kuwa mshahara huja kwa mwezi na matumizi ya nyumbani hupangwa kwa mwezi. Hata hivyo, kila ninapoombwa na jamaa au rafiki nimsaidie kuupitia mkataba wa mkopo, huona kwamba swali hilo hilo ndilo linaloifunika gharama. Rejesho la mwezi huweza kupunguzwa wakati wowote kwa kurefusha muda wa mkopo, na mkopaji akifurahia upungufu huo bila kuangalia jumla, huwa amekubali kuilipia nyumba moja bei ya nyumba mbili au tatu.

Katika makala haya nitatumia mkopo wa 100,000 bila kutaja sarafu. Msomaji aweke sarafu anayoitumia na aongeze sifuri kadiri ya hali yake, kwani uwiano hautabadilika. Riba nitakayoitumia ni asilimia 12 kwa mwaka, hasa kwa sababu inagawanyika vizuri: ni asilimia 1 kwa mwezi, na hesabu nyingi mtu anaweza kuzifuata kwa kichwa. Mahali ambapo riba ni ndogo kuliko hiyo, picha itakuwa nyepesi zaidi, lakini umbo lake litakuwa lile lile.

Mkopo huo ukichukuliwa kwa miaka 20 kwa marejesho sawa, mkopaji atalipa 1,101.09 kila mwezi. Akizidisha kwa miezi 240 atapata takriban 264,260. Kwa maneno mengine, amekopa 100,000 na atarudisha hizo pamoja na riba ya 164,260. Watu wengi wakiiona namba hii hudhani kuna ujanja wa benki uliojificha mahali fulani, ilhali hakuna ujanja wowote. Riba hutozwa kila mwezi juu ya deni lililobaki, na deni la nyumba ni kubwa na hukaa muda mrefu. Mwezi wa kwanza deni ni 100,000, kwa hiyo riba yake ni 1,000 kamili. Katika rejesho la 1,101.09 hubaki 101.09 tu za kupunguza deni lenyewe. Mwezi wa pili riba hutozwa juu ya 99,898.91, na hivyo sehemu inayopunguza deni huongezeka kwa takriban 1 tu. Ongezeko hilo dogo ndilo linaloendelea kukua, mwezi baada ya mwezi, mpaka mwishoni karibu rejesho lote linakwenda kwenye deni la msingi.

Jambo ambalo nadhani kila mkopaji angepaswa kulijua kabla ya kutia saini ni mwendo wa salio hilo. Baada ya miaka 5, mkopaji wa mfano wetu atakuwa amelipa takriban 66,065, na deni lake litakuwa bado 91,744. Yaani katika fedha zote alizotoa kwa miaka mitano, ni 8,256 tu zilizopunguza deni. Baada ya miaka 10, ambayo ni nusu ya muda wote, atakuwa amelipa zaidi ya 132,000 na bado atadaiwa takriban 76,750. Deni halishuki chini ya nusu ya mkopo wa awali mpaka mwaka wa 15 unapomalizika. Vivyo hivyo, rejesho ambalo kwa mara ya kwanza sehemu yake kubwa inakwenda kwenye deni badala ya riba ni la 172, nalo linaangukia ndani ya mwaka huo huo wa 15.

Kwa mtu anayekusudia kukaa katika nyumba hiyo maisha yake yote, mwendo huu unavumilika. Kwa mtu ambaye huenda akahama baada ya miaka mitano au sita, kwa sababu ya kazi, ndoa, watoto au maradhi, hesabu hugeuka kabisa. Atakapouza nyumba, benki itachukua kwanza salio lake, na kile atakachobaki nacho kitategemea zaidi kupanda kwa bei ya nyumba kuliko marejesho aliyoyatoa. Bei isipopanda, au ikishuka, anaweza kuuza na bado akabaki na deni. Ndiyo maana nikiombwa ushauri huuliza kwanza mhusika anatarajia kukaa katika nyumba hiyo miaka mingapi, kabla hata sijauliza riba.

Sasa turudi kwenye muda. Tuseme mkopaji wetu anaona 1,101.09 ni nzito, na afisa mikopo anampendekezea miaka 30 badala ya 20. Rejesho litashuka hadi 1,028.61. Ameokoa takriban 72 kwa mwezi, sawa na asilimia 6 na nusu ya rejesho lake. Jumla atakayolipa, hata hivyo, itapanda kutoka 264,260 hadi 370,300, yaani zaidi ya 106,000 za nyongeza, kiasi kinachouzidi mkopo wenyewe. Upande wa pili, akikaza mkanda na kuchukua miaka 15, rejesho litakuwa 1,200.17 na jumla itakuwa takriban 216,030. Tofauti ya 99 kwa mwezi imeondoa zaidi ya 48,000 na miaka mitano ya kukatwa mshahara. Sijui hesabu nyingine katika maisha ya kawaida ya kaya ambamo kiasi kidogo namna hii cha mwezi hubeba uzito mkubwa kiasi hicho.

Sababu yake ni kwamba riba inapokuwa kubwa, rejesho haliwezi kushuka sana hata muda ukirefushwa vipi. Riba ya mwezi ya mkopo huu ni 1,000, na hakuna muda wowote, hata wa miaka 100, utakaolishusha rejesho chini ya hapo ikiwa deni linatakiwa kumalizika. Mtu aliyefika miaka 20 tayari yuko karibu na sakafu hiyo, na miaka anayoongezewa humpa nafuu ndogo kwa gharama kubwa. Riba ikiwa asilimia 6, kurefusha muda husaidia zaidi: mkopo huo huo kwa miaka 15 ni 843.86 kwa mwezi, na kwa miaka 30 ni 599.55. Hata hapo, riba yote hupanda kutoka takriban 51,900 hadi 115,840.

Yote haya yanachukulia kwamba riba haitabadilika, lakini mikopo mingi duniani ina riba inayopanda na kushuka kulingana na kiwango cha benki kuu au kigezo kingine kilichotajwa katika mkataba. Riba ya mfano wetu ikipanda kutoka asilimia 12 hadi 14 mara tu baada ya mkopo kutolewa, rejesho la miaka 20 linapaswa kuwa 1,243.52, ongezeko la 142 kila mwezi. Baadhi ya mikataba haipandishi rejesho, na mkopaji hufarijika kuona makato yake hayajaguswa. Hapo ndipo anapopaswa kushtuka. Riba ya mwezi kwa asilimia 14 ni 1,166.67, naye analipa 1,101.09, maana yake ni kwamba rejesho lake halitoshi hata kulipa riba, na tofauti inaongezwa kwenye deni. Analipa kila mwezi bila kukosa, na kila mwezi anadaiwa zaidi. Hali hii iliwapata wakopaji wengi nchini Kanada mwaka 2022 na 2023, pale benki kuu ilipopandisha riba kwa kasi huku mikopo yao ikiwa na riba inayobadilika lakini marejesho yasiyobadilika.

Hatari nyingine ya aina hiyo ni kukopa kwa sarafu ambayo si ile unayolipwa mshahara. Riba ya sarafu ya kigeni mara nyingi huonekana ndogo, na udogo huo ndio chambo. Nchini Hungaria na Polandi watu wengi walichukua mikopo ya nyumba kwa faranga ya Uswisi kabla ya msukosuko wa fedha wa mwaka 2008, kisha faranga ikapanda thamani na madeni yao yakavimba, ingawa walikuwa wanalipa. Hungaria iliamua mwaka 2014 kuibadilisha mikopo hiyo kwa sheria kuwa ya sarafu ya nyumbani. Wakopaji wa Polandi walikuwa bado na mikopo yao ya faranga mwezi Januari 2015, Benki Kuu ya Uswisi ilipoacha kuizuia faranga isipande dhidi ya yuro, na thamani ya faranga ikaruka siku hiyo hiyo.

Kuna pia suala la namna riba inavyokokotolewa, na hapa sina budi kuwa mkali kidogo. Baadhi ya wakopeshaji hutaja riba inayokokotolewa juu ya mkopo wote wa mwanzo kwa miaka yote, kana kwamba mkopaji hajawahi kurudisha chochote. Wakisema asilimia 7 kwa miaka 20, maana yake ni riba ya 7,000 kila mwaka mara 20, yaani 140,000, na rejesho la 1,000 kwa mwezi. Ukiigeuza riba hiyo kuwa ile inayotozwa juu ya salio linalopungua, inakaribia asilimia 10.5. Mtu anayelinganisha asilimia 7 ya mkopeshaji mmoja na asilimia 10 ya mwingine bila kuuliza inatozwa juu ya nini, atakimbilia mkopo ulio ghali zaidi akiamini amepata nafuu. Kwangu mimi, mkopeshaji anayetaja riba ya namna ya kwanza katika tangazo bila kuieleza anategemea kutoeleweka.

Juu ya riba huja ada: ya kushughulikia mkopo, ya mthamini, ya wakili, ushuru wa stempu na usajili wa rehani. Kila moja huonekana ndogo ikisimama kando ya bei ya nyumba, na kwa sababu mkopaji mara nyingi ameshamaliza akiba yake kwenye malipo ya awali, huambiwa ada hizo zinaweza kuingizwa ndani ya mkopo. Ada ya 3,000 ikiingizwa ndani ya mkopo wa asilimia 12 kwa miaka 20, italipwa kwa takriban 7,930. Ikiwa badala yake benki inaikata mwanzoni, mkopaji anapokea 97,000 lakini analipa kana kwamba amepokea 100,000, na riba yake halisi inakuwa karibu asilimia 12.5. Akiumaliza mkopo baada ya miaka 5, riba halisi hufika takriban asilimia 12.8, kwa sababu ada ile ile imegawanywa katika miaka michache zaidi. Ndiyo sababu sheria za nchi mbalimbali, kuanzia ile ya Marekani ya mwaka 1968 hadi agizo la Umoja wa Ulaya la mwaka 2014, huwataka wakopeshaji kutaja kiwango kimoja cha mwaka kinachojumuisha riba pamoja na ada. Mahali ambapo kiwango hicho hakitolewi, kiulize kwa maandishi. Ukijibiwa kwa mdomo tu, jibu hilo halina thamani.

Kipindi cha neema nacho kina bei yake. Kwa mtu anayejenga, kupewa miezi sita bila kulipa chochote ni nafuu ya kweli, lakini riba haipumziki katika miezi hiyo. Ikiongezwa kwenye deni kila mwezi, mkopo wa 100,000 utakuwa takriban 106,150 siku ya rejesho la kwanza.

Bima, kodi ya majengo na matengenezo sitavieleza kwa kirefu, kwa sababu hutofautiana mno. Inatosha kusema kwamba bima ya moto na bima ya maisha inayolipa deni mkopaji akifariki mara nyingi ni masharti ya mkopo, hulipwa kwa miaka yote, na hazimo katika rejesho analotajiwa mtu mara ya kwanza. Kuhusu matengenezo, kanuni ya kukisia inayotumiwa sana ni kutenga asilimia 1 ya thamani ya nyumba kwa mwaka. Nyumba ikizeeka, kiasi hicho huwa kidogo.

Baada ya kusema hayo yote, nisingependa msomaji abaki na hofu ya jumla kubwa peke yake, kwa sababu jumla hiyo nayo hudanganya kwa namna yake. Fedha itakayolipwa baada ya miaka 20 haina thamani ya fedha ya leo. Mfumuko wa bei ukiwa asilimia 5 kwa mwaka, rejesho la 1,101.09 la mwisho litakuwa na uwezo wa kununua kile ambacho takriban 415 zinanunua leo. Mkopaji mwenye riba isiyobadilika, ambaye mshahara wake unapanda pamoja na bei za vitu, ataona rejesho likizidi kuwa jepesi kila mwaka. Zaidi ya hayo, mtu huyo asipokuwa na nyumba atalipa kodi ya pango mahali fulani, na kodi hiyo anayoiepuka ni haki kuipunguza katika gharama ya mkopo. Kwa hiyo anayesema mkopo wa nyumba ni wizi kwa sababu mtu analipa mara mbili na nusu ya alichokopa, amehesabu upande mmoja tu. Ila nafuu hiyo ya mfumuko wa bei humfikia zaidi mwenye riba isiyobadilika. Aliye na riba inayobadilika mara nyingi hupandishiwa riba pale pale bei za vitu zinapopanda.

Njia yenye nguvu zaidi aliyonayo mkopaji ni kulipa zaidi ya anavyodaiwa, na kufanya hivyo mapema. Waswahili husema dawa ya deni ni kulipa, lakini kwa deni la nyumba wakati wa kuinywa dawa hiyo huleta tofauti kubwa. Tuseme mkopaji wetu anapata 5,000 za ziada mwishoni mwa mwaka wa kwanza na kuzipeleka zote kwenye deni la msingi, huku akiendelea na rejesho lile lile. Mkopo wake utamalizika takriban miaka mitatu mapema, yaani ataepuka marejesho yenye jumla ya zaidi ya 40,000. Akipeleka 5,000 hizo hizo mwishoni mwa mwaka wa 15, ataokoa miezi 8 tu, yaani chini kidogo ya 8,800. Na mtu asiyepata fedha za mkupuo, akiongeza 100 kwenye kila rejesho tangu mwanzo, ataugeuza mkopo wa miaka 20 kuwa wa miaka 15 bila kubadilisha mkataba.

Kuna masharti mawili ya kuangalia hapo. La kwanza ni adhabu ya kulipa kabla ya muda, ambayo baadhi ya mikataba huiweka kwa miaka ya mwanzo, yaani wakati ule ule ambapo malipo ya ziada yangefaa zaidi. La pili ni maelekezo. Benki nyingine ikipokea fedha za ziada huzihesabu kama marejesho ya miezi ijayo yaliyolipwa mapema, au hupunguza rejesho na kuacha muda vilevile. Mkopaji aandike barua inayosema wazi kwamba fedha hizo zipunguze deni la msingi na muda wa mkopo, kisha aombe jedwali jipya la marejesho. Pia asimalize akiba yake yote kwa shauku ya kupunguza deni, kwa sababu benki haitamrudishia fedha hizo akifukuzwa kazi mwezi unaofuata.

La mwisho ni kuhamisha mkopo kwenda benki yenye riba ndogo, jambo ambalo husifiwa sana na mara nyingi hufanywa vibaya. Mkopaji wetu, baada ya miaka 10, anadaiwa takriban 76,750 na amebakiza miaka 10. Benki nyingine inamwita kwa riba ya asilimia 10 na muda mpya wa miaka 20. Rejesho linashuka kutoka 1,101 hadi takriban 741, na kila mtu nyumbani anashangilia. Lakini jumla atakayolipa kuanzia siku hiyo ni karibu 177,750, wakati angebaki alipokuwa angelipa takriban 132,130. Riba imeshuka na gharama imepanda kwa zaidi ya 45,000, kabla hata ya kuhesabu ada za uthamini, wakili na usajili ambazo atazilipa upya. Akihamia kwa riba hiyo hiyo ya asilimia 10 lakini akashikilia miaka 10 iliyobaki, rejesho litakuwa takriban 1,014 na ataokoa kama 10,400, toa ada hizo. Na akiendelea kulipa 1,101 aliyokwisha kuizoea, katika benki mpya atamaliza kwa miezi 105 badala ya 120.